Nyota au sayari? Wajue kwanza wakazi wa anga

Msomaji mmoja ameniandikia hivi: "Kwa miezi kadhaa nilikuwa nikiona nyota moja nyeupe, kubwa kuliko zote, upande wa magharibi mara tu baada ya jua kuzama. Ilikuwa imetulia, haimetameti kama nyingine. Baadaye ikawa inashuka jioni hadi jioni mpaka nikaikosa kabisa, na sasa ndugu yangu ananiambia ameiona mashariki alfajiri. Halafu kuna nyota nyekundu ambayo jirani yangu anashikilia kwamba ni Mirihi, ingawa mimi huiona mahali pale pale kila mwaka, ndani ya nyota zilizojipanga mfano wa ndoana. Je, iko njia ya uhakika ya kutofautisha nyota na sayari kwa macho matupu, bila darubini?"

Njia ipo, na kwa jinsi ulivyoliandika swali lako naona umekwisha kuanza kuitumia. Uliyoiona magharibi ilikuwa Zuhura, na aliyoiona ndugu yako alfajiri ni hiyo hiyo Zuhura iliyohamia upande wa pili wa Jua. Ile nyekundu iliyomo ndani ya ndoana si Mirihi bali ni nyota iitwayo Antares, na ushahidi unaolipinga dai la jirani yako umeutoa wewe mwenyewe pale uliposema kwamba huiona mahali pale pale kila mwaka. Sayari haikai mahali pale pale. Neno "sayari" lenyewe tumelipokea kutoka Kiarabu, katika mzizi wenye maana ya kwenda na kusafiri, na Wagiriki wa kale nao waliziita kwa jina lenye maana ya watangatangaji, kwa sababu katika anga iliyojaa nuru zilizoshikamana katika maumbo yasiyobadilika, waliona nuru tano zilizokuwa zikitembea.

Kwa hiyo kanuni ninayoishika, na ambayo nimeifundisha kwa miaka mingi, ni kwamba mtu asianze kwa kuzitafuta sayari. Aanze kwa kuzifahamu nyota za kudumu, ambazo ndizo wakazi wa anga, hata kama ni kumi au kumi na tano tu. Akishazizoea kama anavyozoea sura za watu wa nyumba yake, siku ikitokea nuru ngeni kati yao ataitambua bila kuambiwa. Wanaokwenda kinyume, yaani wanaoinua macho na kuuliza ni ipi iliyo sayari kati ya nuru mia mbili zisizo na majina, hujikuta wanakisia kila usiku upya.

Nianze hata hivyo na kigezo ambacho karibu kila mtu amekwisha kukisikia, kwamba nyota humetameta na sayari hutulia. Kigezo hicho ni cha kweli, lakini inafaa kuijua sababu yake ili ujue pia ni wapi kinashindwa. Nyota ziko mbali kiasi kwamba hata Betelgeuse, ambayo ni miongoni mwa zilizo pana zaidi zikitazamwa kutoka duniani, ina upana wa takriban sehemu moja ya ishirini ya sekunde ya pembe, na digrii moja ina sekunde 3,600 za namna hiyo. Nuru yake basi hutufikia kama mwali mmoja mwembamba, na hewa iliyo juu yetu, yenye joto hapa na ubaridi pale, huupindisha mwali huo huku na huku mara nyingi katika kila sekunde, nasi huona nyota ikicheza. Mshtarii, kwa kulinganisha, ina upana wa kati ya sekunde 30 na 50 hivi. Jicho bado huiona kama nukta, lakini kwa kweli ni kisahani, na miali inayotoka sehemu zake mbalimbali haiyumbi kwa pamoja: mmoja ukififia mwingine hukolea, na jumla yake ni mwanga uliotulia.

Sasa angalia kigezo hiki kinavyoweza kukupotosha. Nuru iliyo karibu na upeo wa macho hupita katika hewa nene mara nyingi kuliko ile iliyo juu utosini, na huko chini hata sayari huyumba. Shira, ambayo vitabu vingi huiita Sirius na ambayo ndiyo nyota ing'aayo kuliko zote za usiku, ikiwa chini karibu na upeo hurusha cheche nyekundu, kijani na buluu kwa zamu, na si mara moja wala mbili nimeletewa habari za kitu cha ajabu angani kumbe ni Shira inachomoza. Kwa upande wa pili, usiku ambao hewa ya juu imetulia kabisa, nyota zilizo utosini hutulia kama sayari. Ndiyo maana mimi hukitegemea kigezo hiki pale tu ambapo nuru ninayoichunguza iko juu ya upeo kwa digrii 30 au zaidi, na tena huilinganisha na nyota nyingine iliyo kimo hicho hicho. Ikiwa jirani yake inacheza na yenyewe imetulia, hapo ninayo hoja ya kwanza, na hoja moja haitoshi.

Hoja ya pili ina nguvu zaidi, nayo ni mahali. Sayari zote zinalizunguka Jua katika njia ambazo ziko karibu kabisa na ubapa mmoja, kama sahani zilizopangwa juu ya meza moja. Njia ya Mshtarii imeinama kwa digrii 1.3 tu kulinganisha na njia ya Dunia, ya Mirihi digrii 1.85, ya Zohali digrii 2.5, ya Zuhura digrii 3.4, na ya Utaridi, ambayo ndiyo iliyoinama zaidi, digrii 7. Kwa kuwa sisi wenyewe tumo ndani ya ubapa huo, tunauona kwa ubavu, na kwa hiyo sayari zote huonekana zikipita katika ukanda mmoja mwembamba unaozunguka anga, ule ule anaopita Mwezi na ule ule unaopitiwa na Jua katika mwaka mzima. Nitauita njia ya Jua. Nuru yoyote iliyo mbali na ukanda huo, hata ing'ae namna gani, si sayari. Shira iko mbali nao, Suheli (nyota iitwayo pia Canopus) iko mbali zaidi kusini, Vega na Arcturus ziko mbali kaskazini, na ukishajua hivyo umekwisha kuziondoa katika orodha ya washukiwa nuru nne zinazoongoza kwa kuwachanganya watu.

Kuipata njia ya Jua si kazi ngumu. Jioni ambapo Mwezi mchanga uko magharibi, kumbuka mahali Jua lilipozamia, kisha vuta mstari kwa mkono kutoka hapo hadi kwenye Mwezi na uuendeleze angani hadi upande wa mashariki. Mwezi unaweza kuwa umepotoka kwa digrii tano hivi, na anga yenyewe ni tufe, kwa hiyo mstari wako utakuwa upinde mpana na si rula, lakini sayari zilizoko juu jioni hiyo zitakuwa juu yake au karibu nayo sana. Aliye karibu na ikweta ataona upinde huo ukipita juu karibu na utosi. Aliye mbali kaskazini atauona umeinamia kusini, na aliye mbali kusini atauona umeinamia kaskazini.

Hapa nataka nikae kidogo, kwa sababu ndipo penye mtego uliomnasa jirani yako. Ziko nyota chache zing'aazo ambazo zimekaa juu ya njia hiyo ya Jua au pembeni mwake, na hizo ndizo pekee zinazoweza kudhaniwa kuwa sayari kwa kigezo cha mahali. Nazo ni tano: Aldebaran katika kundinyota la Ng'ombe, Pollux katika Mapacha, Regulus katika Simba, Spica katika Mashuke, na Antares katika Nge. Nne kati yake, yaani zote isipokuwa Pollux, ziko karibu na njia kiasi kwamba Mwezi huzifunika mara kwa mara. Ukizijua tano hizi kwa sura na kwa majirani zao, basi nuru yoyote nyingine ing'aayo sana iliyo juu ya njia ya Jua ni sayari, na humo hamna tena nafasi ya kukisia. Kama ungeniomba nikupe jambo moja tu la kujifunza mwaka huu, ningekupa nyota hizi tano.

Antares inastahili kuelezwa kwa karibu. Ndoana unayoiona ni Nge mwenyewe. Mbele kuna nyota tatu zilizojipanga mstari mmoja, ndizo kichwa chake. Nyuma kuna mkia mrefu unaojikunja, na mwishoni mwa mkia nyota mbili zilizokaribiana sana, ambazo ni mwiba. Kati ya kichwa na mkia iko Antares, na kila upande wake kuna nyota moja hafifu zaidi, kana kwamba ni walinzi wawili. Ukiona nuru nyekundu yenye walinzi hao, hiyo ni Antares, na haitakuwa kitu kingine katika maisha yako yote. Jina lake la Kiarabu maana yake ni moyo wa nge. Jina la Kigiriki tunalolitumia zaidi lina maana ya mshindani wa Ares, yaani Mirihi, kwa kuwa Ares ndilo jina walilolipa sayari hiyo. Kosa la jirani yako basi si la aibu, maana watu waliliona tangu kale kuwa ni rahisi kulifanya hata wakaliweka ndani ya jina. Tofauti kati ya vitu hivi viwili lakini ni kubwa mno. Mirihi ni nyekundu kwa sababu udongo wake una kutu ya chuma na unaakisi nuru ya Jua. Antares ni nyekundu kwa sababu uso wake una joto la takriban kelvini 3,600 (kelvini ni kipimo cha joto), chini sana ya kelvini 5,800 za Jua letu. Nyota hiyo iko umbali wa miaka ya nuru 550 hivi (mwaka wa nuru ni umbali ambao nuru husafiri kwa mwaka mmoja), na ni kubwa kiasi kwamba ingewekwa mahali pa Jua ingeimeza Dunia na njia nzima ya Mirihi pia.

Mirihi yenyewe huitambui kwa wekundu peke yake. Unaitambua kwa kutokuwa na msimamo. Umbali wake kutoka kwetu hubadilika kutoka kilomita milioni 55 hivi hadi karibu milioni 400, na kwa hiyo ung'avu wake hupanda na kushuka kiasi kwamba ikiwa kwenye kilele inaweza kung'aa takriban mara 80 kuliko ikiwa dhaifu kabisa. Kila baada ya siku 780 hivi, yaani miezi 26, Dunia huipita, na wiki zile huwa inachomoza Jua linapozama na kukesha usiku kucha. Ilikuwa hivyo Januari 2025, na itakuwa hivyo tena Februari 2027. Katika miezi inayozunguka tukio hilo hufanya jambo ambalo kwa maoni yangu ni zuri kuliko yote yanayoonekana kwa macho matupu: huacha mwendo wake wa kawaida wa kuelekea mashariki kati ya nyota, husimama, hurudi nyuma kuelekea magharibi kwa zaidi ya miezi miwili, husimama tena, kisha huendelea na safari. Haikurudi kweli. Sisi ndio tunaoipita kwa kasi, kama vile gari linalopita lori hulifanya lori lionekane likirudi nyuma dhidi ya milima iliyo mbali.

Kuhusu Zuhura, habari zote ulizozieleza zinatokana na kwamba njia yake imo ndani ya njia yetu. Haiwezi kamwe kuonekana mbali na Jua kwa zaidi ya digrii 47 hivi, na kwa sababu hiyo huonekana jioni upande wa magharibi au alfajiri upande wa mashariki, na si mashariki jioni wala utosini usiku wa manane. Ung'avu wake ni mkubwa kiasi kwamba hakuna nyota inayoikaribia; ikiwa kwenye kilele hung'aa zaidi ya mara 15 kuliko Shira, na mahali penye giza la kweli inaweza kutupa kivuli. Huonekana jioni kwa miezi minane au tisa hivi, ikipanda kwanza, kisha ikishuka kwa kasi, ndipo hupita kati yetu na Jua na kupotea kwa siku chache tu, wakati mwingine wiki moja au mbili, na kuibuka alfajiri. Hilo ndilo uliloliona. Ikishamaliza miezi yake ya alfajiri itapita nyuma ya Jua, na safari hiyo utaikosa kwa wiki nyingi kabla ya kuiona tena jioni. Mzunguko wote huchukua siku 584, na mizunguko mitano ni sawa na miaka minane karibu kamili, kwa hiyo ukiandika leo tarehe na mahali unapoiona, baada ya miaka minane utaikuta karibu pale pale katika tarehe ile ile. Kabla watu hawajaelewa hayo, Wagiriki waliipa majina mawili, moja la jioni na jingine la asubuhi, wakidhani ni nyota mbili. Wewe na ndugu yako mmeirudia njia yao na kufika kwenye jibu lililo sahihi.

Ukiona nuru nyeupe kubwa iliyotulia ikiwa juu usiku wa manane, hiyo haiwezi kuwa Zuhura. Karibu kila mara ni Mshtarii, ambayo hata ikiwa dhaifu kabisa hung'aa kuliko Shira. Huchukua miaka 12 kasoro kidogo kulizunguka Jua, kwa hiyo kila mwaka huhamia takriban kundinyota moja mbele katika njia ya Jua, na hilo hukupa kalenda nyepesi: kama mwaka huu iko katika Mapacha, mwakani itakuwa karibu na Kaa, na mwaka unaofuata katika Simba. Kama unayo darubini ndogo ya macho mawili, hata ile inayokuza mara saba tu, egemeza viwiko vyako juu ya ukuta ili mikono isitetemeke, uielekeze kwake, na utaona nukta mbili, tatu au nne zilizojipanga mstari mmoja na sayari. Ni miezi yake mikubwa, Io, Europa, Ganymede na Callisto, ile ile aliyoiona Galileo mwezi wa Januari 1610. Tazama tena kesho yake, mpangilio utakuwa umebadilika. Hakuna nyota itakayokuonyesha hivyo, na huo ni uthibitisho usiohitaji shahidi mwingine.

Zohali ni ya manjano hafifu, imetulia sana, na haina ung'avu wa kumshtua mtu; ni sawa na nyota kubwa za kawaida tu, na ndiyo maana wengi huipita bila kuijua. Inachukua miaka 29 na nusu kuzunguka, na hukaa katika kundinyota moja kwa zaidi ya miaka miwili, hivyo ukishaipata mara moja hutaipoteza kwa urahisi. Pete zake hazionekani kwa macho, zinahitaji darubini inayokuza mara 25 au zaidi. Mshtarii huifikia Zohali kila baada ya miaka 20 hivi, na tarehe 21 Desemba 2020 zilikaribiana hadi kubaki sehemu moja ya kumi ya digrii kati yake, ambayo ni chini ya robo ya upana wa Mwezi.

Utaridi, ambayo vitabu vya shule hupenda kuiita Zebaki (jina ambalo mimi nalikwepa, maana zebaki ni metali, na sayari ilikuwa na jina lake tangu zamani), haisogei mbali na Jua kwa zaidi ya digrii 28. Huonekana kwa wiki moja au mbili tu kila inapojitokeza, chini kabisa katika mwanga wa machweo au wa alfajiri, nayo humetameta kwa sababu niliyokwisha kuieleza. Usiihangaikie mwaka wa kwanza. Uranus iko ukingoni mwa uwezo wa jicho, haikutambuliwa kuwa sayari hadi mwanafalaki William Herschel alipoiona kwa darubini mwaka 1781, na Neptune haionekani kwa macho kabisa.

Turudi kwa wakazi. Mahali pazuri pa kuanzia ni Jabari, ambaye vitabu vingine humwita Orion, kwa kuwa amekaa juu ya ikweta ya anga, yaani mstari wa angani ulio sawasawa juu ya ikweta ya Dunia, na huonekana kutoka pande zote mbili za Dunia. Mtambue kwa mkanda wake wa nyota tatu zilizonyooka, zenye nafasi sawa, zote pamoja zikichukua digrii tatu hivi. Nyota ya mkanda iliyo upande wa magharibi, yaani inayotangulia kuchomoza na ambayo huitwa Mintaka, iko karibu kabisa na ikweta hiyo, kwa hiyo popote ulipo huchomoza karibu mashariki halisi na kuzama karibu magharibi halisi. Huhitaji dira ukiifahamu. Upande mmoja wa mkanda kuna Betelgeuse yenye wekundu, upande wa pili Rigel nyeupe yenye ubuluu, na ukizitazama hizi mbili kwa zamu utaelewa rangi za nyota kuliko maneno yangu yanavyoweza kukueleza, kwa kuwa ya kwanza ina joto la kelvini 3,500 hivi na ya pili kama 12,000. Fuata mstari wa mkanda upande wa kusini mashariki, utafika Shira. Ufuate upande wa pili, utafika Aldebaran, na ukiendelea kidogo utaikuta Kilimia, kile kifungu kidogo cha nyota zilizosongamana ambacho jina lake katika lugha yetu limetokana na kulima. Aldebaran maana yake kwa Kiarabu ni mfuasi, kwa kuwa huifuata Kilimia kila usiku. Jabari anapozama Nge huchomoza, na hawaonekani wakiwa juu pamoja. Kwa hiyo ukijifunza hao wawili unayo nanga katika kila nusu ya mwaka.

Kwa kupima umbali angani tumia mkono ulionyooshwa mbele. Kidole kidogo hufunika digrii moja, ngumi digrii kumi, na shubiri iliyopanuliwa kutoka ncha ya kidole gumba hadi ncha ya kidole kidogo digrii 20 au zaidi kidogo. Mwenye mkono mfupi kwa kawaida ana kiganja kidogo pia, kwa hiyo kipimo hiki kinamfaa mtoto na mtu mzima.

Sasa nikupe jaribio ambalo linakata shauri. Chagua mahali pa kusimama ambapo unaweza kurudi kila jioni, kisogo kikiwa kimegusa nguzo au ukuta, ukitazama magharibi kuelekea ukingo wa paa au pembe ya jengo lisilosogea. Jicho moja likiwa limefumbwa, ngoja nuru unayoichunguza ipotee nyuma ya ukingo huo, na uandike saa, dakika na ikiwezekana sekunde. Kama ni nyota, kesho itapotea dakika nne kasoro sekunde nne mapema zaidi, na baada ya wiki moja itakuwa imetangulia kwa dakika 27 na nusu, bila kukosea, kwa sababu mwendo huo unatokana na Dunia yenyewe kulizunguka Jua. Kama ni sayari, hesabu haitalingana. Mirihi katika majira inapokwenda kasi husogea mashariki digrii nne hadi tano kwa wiki, na kwa kuwa anga huzunguka digrii moja kila dakika nne, itakuwa imechelewa kwa robo saa au zaidi kulinganisha na nyota. Mshtarii na Zohali huhitaji subira ya wiki kadhaa, nazo zikiwa zinarudi nyuma zitatangulia badala ya kuchelewa, lakini kutolingana kupo.

Pamoja na hilo, weka daftari. Chora nuru unayoichunguza na nyota tatu au nne zilizo karibu nayo, andika tarehe na saa, kisha chora tena baada ya wiki, na tena baada ya wiki nyingine. Daftari langu la kwanza lina kurasa kumi na moja za Mirihi ikipita katika Simba, kila ukurasa ukiwa na Regulus pale pale na nukta nyekundu iliyohama, na nakumbuka vizuri usiku niliporudi ndani, nikazishika kurasa hizo pamoja na kuzipeperusha kwa kidole gumba, nikaiona sayari ikitembea. Kabla ya kuchora, kaa gizani dakika 20 hadi 30 bila kutazama taa wala simu ili jicho lizoee. Ukihitaji mwanga wa kuandikia, tumia tochi iliyofunikwa kitu chekundu.

Nuru inayosogea ukiitazama si nyota wala sayari. Ikiwa inawaka na kuzimika au ina taa nyekundu na kijani, ni ndege. Ikiwa imetulia na inakata anga kwa dakika chache kisha inafifia ghafla, ni satelaiti iliyoingia katika kivuli cha Dunia. Programu za simu na za kompyuta, kama Stellarium, ni msaada mzuri, ila naomba uzifungue baada ya kukisia na kuandika jibu lako mwenyewe, na ujue kwamba dira ya simu hupotoka ikiwa karibu na chuma.

Kwa jirani yako, usibishane naye kwa maneno. Mirihi hupita katika Nge takriban kila miaka miwili, digrii chache tu kaskazini mwa Antares. Usiku huo mkaribishe nje, mwonyeshe nuru nyekundu mbili zilizo jirani, moja ikicheza kati ya walinzi wake wawili na nyingine imetulia, kisha mwalike tena baada ya siku kumi aje aone ni ipi iliyoondoka.